Kwa nini ulichore gari la shamba wakati kamera iko mfukoni?

SWALI: Shikamoo mtaalamu. Mimi ni mwalimu wa sanaa katika sekondari moja mkoani Simiyu. Babu yangu alikuwa fundi wa magari ya ng'ombe, na enzi zake alitengeneza hata magurudumu ya mbao. Sasa macho yamefifia na limebaki gari moja tu nyuma ya ghala, mchwa wameshaanza. Nimeanza kulichora. Wenzangu wananicheka, wanasema nipige picha kwa simu kazi iishe. Nimewahi kusikia kwamba Uingereza kulikuwa na msanii aliyezunguka mashambani akichora magari ya farasi na mafundi wa vijijini. Ni nani huyo, alifanyaje, na michoro yake ilimfaa nani?

JIBU: Marahaba, mwalimu. Wenzako wako sahihi nusu. Piga picha, tena nyingi, za kila upande, leo kabla jua halijazama, maana mchwa hawamsubiri mtu achonge penseli. Ila kuchora usiache. Ukipiga picha unaweza kuondoka hujaelewa chochote, na picha ikawa nzuri vilevile. Ukichora, mkono unakwama pale pale usipoelewa: huu ubao umeishia wapi? Huu msumari umeshika nini? Hapo ndipo unapolazimika kwenda kumuuliza mzee. Kwa hiyo faida ya kwanza ya kuchora ni maswali, karatasi yenyewe inafuata.

Msanii uliyemsikia nadhani ni Thomas Hennell. Wapo wengine, nitawataja mbele, lakini huyu ndiye anayekaribiana na hali yako, kwa sababu naye alikuwa mwalimu wa sanaa na naye alianza bila kutumwa na mtu.

Alizaliwa mwaka 1903 huko Ridley, kijiji cha Kent, kusini mashariki mwa Uingereza, baba yake akiwa kasisi wa Kianglikana. Alisomea sanaa London, akafuzu ualimu mwaka 1928, akafundisha katika shule za Bath na Somerset. Wakati huohuo alikuwa akizunguka vijijini kwa baiskeli, na karatasi na wino, akiingia kwenye nyua za wakulima na karakana za mafundi. Alichora majembe ya kukokotwa na farasi, maghala, magari, mitambo ya kupuria nafaka, watu wakifuma vikapu au kusuka nyua za fito za kuzuia kondoo. Aliandika pia alichoambiwa. Mwaka 1934 Chuo Kikuu cha Cambridge kilimchapia kitabu chake, Change in the Farm, maneno na michoro yote yakiwa yake. Jina lake tu linakueleza lililokuwa likitokea: shamba linabadilika.

Na kweli lilikuwa linabadilika. Mwanzoni mwa karne ya 20 mashamba ya Uingereza yalitegemea farasi, wakikaribia milioni moja. Vita Kuu ya Kwanza ikawachukua wengi wao kwenda jeshini, na mwaka 1917 serikali ikaagiza matrekta ya Fordson kutoka Marekani kuziba pengo la chakula. Hayo hayakuua farasi mara moja. Lakini kufikia miaka ya 1930, tairi la mpira lilipoanza kufungwa kwenye trekta na kwenye tela, fundi wa magurudumu ya mbao alikuwa amebaki na kazi ya kurekebisha vya zamani. Mkulima hakuagiza gari jipya. Lile la babu yake aliliacha uani, likaoza palepale mvua ikilinyea. Nadhani picha hiyo unaijua, kwa sababu na nyuma ya ghala lenu ipo, isipokuwa kwenu aliyemwondoa fundi wa gurudumu ni ekseli ya gari bovu na chuma cha kuchomelea.

Sasa nikupeleke kwenye gurudumu lenyewe, maana hapa ndipo utaona kwa nini mchoro una kazi.

Ukimtazama farasi wa Kiingereza akivuta gari la magurudumu manne, gurudumu la nyuma linakaribia mita moja na nusu kwa urefu, linamfika mtu kifuani. Kwa mbali unaona duara na spoki, basi. Ukikaribia na kuanza kulichora utagundua jambo la ajabu: halikunyooka kama sahani ya bapa. Limebonyea. Chukua ungo, uegemeze kwenye ubavu wa gari, mdomo utazame nje: ndivyo gurudumu lilivyo, kitovu kimerudi ndani na ukingo umetokeza nje. Mchoraji mgeni hulinyoosha, akidhani ni uzee umelipinda.

Haukuwa uzee. Farasi anapotembea hayumbi mbele na nyuma tu, anayumba pia kushoto na kulia kwa kila hatua, na gari zito nyuma yake linayumba naye. Kila hatua ekseli inakigonga kitovu kwa ubavu, upande huu, halafu ule. Gurudumu la bapa lingelegea baada ya msimu mmoja, na kitovu kingesukumwa nje. Lile la ungo linasukumwa likiwa limeshajipinga. Pamoja na hayo ncha ya ekseli iliinamishwa chini kidogo, ili spoki iliyo chini, ile inayobeba mzigo kwa wakati huo, isimame wima kabisa. Na zile za juu zinapolala kwenda nje, gari linapata nafasi ya kuwa pana juu. Mambo matatu yamefungwa katika kubonyea kumoja.

Aliyeyaeleza haya vizuri kuliko wote hakuwa mchoraji. Ni George Sturt wa Farnham, Surrey, naye alikuwa mwalimu wa shule kabla ya kurithi karakana ya baba yake mwaka 1884. Mwaka 1923 alichapisha The Wheelwright's Shop, yaani karakana ya fundi wa magurudumu, katika kiwanda kilekile cha chapa cha Cambridge ambacho miaka kumi na moja baadaye kilimchapa Hennell. Ninachompendea Sturt ni kwamba anakiri ujinga wake. Alikuwa bosi wa karakana, mafundi wake wote wanabonyeza magurudumu, naye kwa muda mrefu hakujua kwa nini. Wao nao hawakumweleza. Walijua kwa mikono kwamba ndivyo inavyotakiwa, na sababu ilikuwa imelala humo mikononi bila maneno. Ikambidi aitafute mwenyewe.

Niongeze habari za mbao, kwa sababu babu yako atazifurahia. Kitovu kilitengenezwa kwa mti uitwao elm, ambao nyuzi zake zimesokotana hovyo. Kwa meza ni mti msumbufu. Kwa kitovu ni dhahabu, kwani ukikitoboa matundu kumi na mawili kukizunguka hakipasuki. Spoki zilikuwa za mwaloni, na hazikukatwa kwa msumeno: gogo lilipasuliwa kwa kabari na nyundo, ufa ufuate nyuzi, ili kila spoki iwe na nyuzi ndefu zisizokatika toka kitovuni hadi ukingoni. Msumeno haujali nyuzi, unapita tu. Ukingo wa duara ulikuwa wa mti wa ash, mgumu lakini wenye kunepa, ule ule wa mipini ya mashoka. Kwa kawaida ukingo ulikuwa na vipande sita, kila kipande kikibeba spoki mbili. Mbao zote zilikaa miaka zikikauka kivulini kabla ya kuguswa. Fundi aliyekata mti leo alikuwa anamkatia mteja ambaye pengine hajaanza kulima.

Mwisho kabisa anaingia mhunzi. Anakunja pete ya chuma ndogo kuliko mzingo wa gurudumu, kwa makusudi. Pete inalazwa kwenye moto hadi inatanuka na kuwa nyekundu; wanaume wawili watatu wanaibeba kwa koleo ndefu, wanaidondosha juu ya gurudumu lililofungwa chini kwenye bamba, wanaipigilia, mbao zinaanza kuwaka, na hapohapo ndoo za maji. Chuma kinapopoa kinasinyaa, na kusinyaa kwake kunabana kila ulimi ndani ya kila tundu kwa nguvu ambayo nyundo haina. Unasikia mbao zikilia. Pete ikizidi udogo, spoki zinapinda. Ikizidi ukubwa, gurudumu litalegea kiangazi. Kazi yenyewe ni dakika chache na haina marudio.

Kipande hicho kingepigwa filamu siku hizi na kila mtu angefurahia moshi. Lakini kipimo cha pete hakionekani kwenye moshi.

Jambo lingine ambalo jicho hulikosea ni kona zilizokwanguliwa. Magari mengi ya Kiingereza yana mihimili ambayo kona zake zimechongwa kwa mkunjo mzuri, zinaanza, zinazama, halafu zinakoma kabla ya kufika kwenye kiungo. Watu huziona kama nakshi. Kumbe kazi yake ya kwanza ni kupunguza uzito. Gari tupu liliweza kuwa na uzito wa tani moja, na farasi ndiye alikuwa akilipa. Fundi alikwangua kila mahali ambapo ubao haukuhitaji nguvu, akaacha unene mahali penye tundu na ulimi. Kwa hiyo ukichora kona hizo sawasawa, umechora ramani ya nguvu: pale mstari unapokoma kukwanguliwa, nyuma yake kuna kiungo. Ukizichora kama mapambo, ukazitawanya utakavyo, umeandika uongo mzuri.

Nalisema hili kwa uchungu kidogo. Miaka yangu ya mwanzo ya kuchora vitu vya makumbusho nilichora ngalawa, kazi ya siku tatu, nikajivuna. Nikampelekea mzee mmoja mvuvi. Akaitazama kwa muda, akauliza kwa upole ngalawa hii ya kwenda wapi. Matengo, zile mbao za pembeni zinazoizuia ngalawa isipinduke, nilikuwa nimeyasimamisha wima kama mbao za ukuta, na matengo hulazwa kwa pembe. Picha nilizokuwa nazo zilionyesha vizuri kabisa kwamba yamelala. Niliziangalia nisione, kwa sababu sikuwa nimejiuliza ubao ule unafanya nini majini. Tangu hapo mchoro wangu hauitwi umekwisha mpaka mtu anayekitumia kitu autazame.

Hennell alikuwa na tabia hiyo. Alipendelea kuchora kitu kikiwa kazini, au mahali kilipolazwa na mtu aliyekitumia, na maandishi yake yamejaa mambo ambayo huwezi kuyajua bila kusimama uani na kusikiliza. Rangi zake za maji ni za haraka, zina pumzi, mistari ya wino inakimbia. Ukiutazama mchoro wake wa ua wa shamba unajua matope yalikuwa kiasi gani.

Lakini nikwambie ukweli: kwa michoro ya Hennell huwezi kujenga gari. Haina vipimo. Alichora maisha ya gari, nani anapakia, linaegeshwa wapi. Anayetaka urefu wa ekseli aende kwingine, na bahati nzuri kwingine kupo. Mwaka 1961 mtafiti wa Wales, J. Geraint Jenkins, alitoa kitabu kilichoyapanga magari ya shamba ya Uingereza kwa aina na eneo. Mwaka 1969 msanii James Arnold akatoa kitabu cha michoro ya magari ya Uingereza na Wales, rangi zake zikiwemo. Wewe ukiniuliza uige nani, nitakujibu uige wote, kwa siku tofauti. Siku moja uwe Hennell, uketi kwenye jiwe na kuchora haraka. Siku nyingine uje na futi kamba.

Na hizo rangi na maeneo si mambo madogo. Kila sehemu ya Uingereza ilikuwa na gari lake, na sababu ilikuwa chini ya miguu. Mashariki, kwenye tambarare, magari yalikuwa masanduku makubwa yenye kuta ndefu. Magharibi na kusini magharibi, kwenye vilima vya Cotswold kwa mfano, gari lilikuwa jepesi, kuta fupi, na mbao za pembeni zikipinda kama upinde juu ya gurudumu la nyuma. Penye udongo wa mfinyanzi ukingo wa gurudumu ulikuwa mpana usizame. Penye ardhi ngumu ya chokaa ukawa mwembamba. Magari mengine yalibanwa kiuno, tumbo likaingizwa ndani upande wa mbele ili gurudumu dogo lipate pa kuingia wakati wa kukata kona. Milimani, na sehemu kubwa ya Wales, wakabaki na mikokoteni ya magurudumu mawili, maana gari refu kwenye mteremko ni kutafuta msiba. Oxfordshire gari lilipakwa njano juu na nyekundu chini. Sussex lilikuwa la buluu. Mbele palikuwa na ubao wenye jina la mwenye gari na kijiji chake, mara nyingine na mwaka, kwa herufi za kuvutia kuliko mabango yetu ya leo. Mtu aliyezaliwa huko aliweza kuliona gari barabarani na kusema limetoka wilaya fulani, hata karakana fulani, jinsi shangazi zetu wanavyotazama mkeka na kutaja ulikosukwa.

Hakuna aliyeziandika kanuni hizo popote. Zilikuwa kwenye vigezo vya mbao vilivyotundikwa ukutani mwa karakana, baba akimwachia mwana. Karakana zikifungwa, vigezo vilikwenda kuwa kuni.

Umeuliza michoro ilimfaa nani. Mfano ulio wazi ni huu. Mwandishi wa mambo ya vijijini, H. J. Massingham, alikuwa akikusanya zana kuukuu za mafundi na kuzihifadhi katika kibanda kwenye bustani yake huko Buckinghamshire: patasi, visu vya kuezekea, vyombo ambavyo hata wajukuu wa waliovitumia walikuwa hawavijui majina. Mwaka 1939 aliandika kitabu kuhusu zana hizo na Hennell akakichorea. Baadaye zana zenyewe zikaenda kwenye Makumbusho ya Maisha ya Vijijini ya Uingereza, yaliyoanzishwa mwaka 1951 katika Chuo Kikuu cha Reading, zikawa miongoni mwa makusanyo ya mwanzo kabisa. Kwa hiyo leo kuna kitu, kuna maelezo, na kuna mchoro wa mtu aliyejua kinashikwaje. Kimoja peke yake kingekuwa kiwete. Kisu bila mchoro ni chuma kilichopinda. Mchoro bila kisu unaweza kuushuku.

Wakati wa Vita Kuu ya Pili, Kenneth Clark, aliyekuwa mkurugenzi wa Jumba la Taifa la Sanaa la London, alianzisha mpango wa kuwalipa wasanii waichore nchi kwa rangi za maji kabla mabomu na majenzi hayajaibadilisha. Ulianza 1940, ukaleta michoro zaidi ya 1,500, sasa imo katika Jumba la Makumbusho la Victoria na Albert. Hennell alikuwa mmoja wao. Hapo serikali na wafadhili walikuwa wamefika pale alipokuwa amefika yeye miaka kumi nyuma kwa baiskeli.

Maisha yake hayakuwa mepesi, na sitakuficha kwa sababu mara nyingi watu wa kazi hii huonwa kama wazee wastaarabu wa kunywa chai. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 aliugua akili, akalazwa hospitali kadiri ya miaka mitatu. Kitabu cha magari na majembe kilitoka wakati yumo kwenye ugonjwa huo. Alipopona aliandika waziwazi yaliyompata, kitabu kikatoka 1938, jambo ambalo wakati ule lilihitaji moyo. Mwaka 1942 rafiki yake Eric Ravilious, msanii wa vita, alipotea na ndege karibu na Iceland. Hennell akapelekwa Iceland kuendeleza kazi hiyo. Kisha Ufaransa, wakati majeshi ya Uingereza na wenzake yalipotua pwani ya Normandy 1944, kisha Uholanzi, kisha India na Burma, ile Burma ambako wazee wetu wengi wa keya, lile jeshi la King's African Rifles, walipigana. Novemba 1945, vita vikiwa vimekwisha kwa wengine, alikuwa Surabaya katika kisiwa cha Java, kwenye mapigano ya Waindonesia ya kudai uhuru. Alitoweka humo, na inaaminika aliuawa. Alikuwa na miaka 42. Kitabu chake kuhusu kazi za mikono za vijijini kilitoka mwaka 1947, yeye hayupo.

Haya, turudi Simiyu.

Kabla ya penseli, kaa na babu akupe majina. Kila kipande, kwa Kisukuma, kama alivyoyataja karakanani, usimtafsirie. Kama kuna neno alilolichukua kwa Mhindi au kwa mzungu wa pamba, liandike hivyohivyo, maana neno hilo linaonyesha ufundi ulipitia wapi. Kwa kuwa macho hayamsaidii, mpeleke hadi kwenye gari, mkono wake uuweke kwenye kitovu. Mafundi wengi hukumbuka kwa vidole yale waliyoyasahau kwa kichwa. Acha simu irekodi sauti wakati huo, na hapo wenzako watakuwa wamekusaidia kweli. Muulize kitovu ni mti gani, na kwa nini si mwingine. Akisema "ndivyo tulivyofundishwa", usimbishie, mkumbuke Sturt. Muulize badala yake nini kilivunjika kwanza gari likizeeka, na alilirekebishaje. Swali la kuvunjika hufungua mdomo kuliko swali la kutengeneza.

Ukianza kuchora, chora gari lote mara moja tu, kwa ajili ya moyo wako. Baada ya hapo ingia chini. Lala chali na ubao wa kuandikia, uchore lilivyoshikana kwa tumboni: ekseli imefungwaje kwenye mti wa kukokotea, nira inaungana wapi, msumari au kamba ya ngozi. Huko chini hakuna mpiga picha anayefika, na huko ndiko ufundi ulipo. Gurudumu lichore kwa mbele, kisha kwa ubavu, ukiweka fimbo iliyonyooka ukingoni na kupima umbali toka fimbo hadi kitovuni. Kama kuna pengo, gurudumu la babu yako limebonyea pia. Ng'ombe hatembei kama farasi, kwa hiyo usiende na jibu la Kiingereza mfukoni. Pima, kisha umuulize mwenyewe. Kama ni bapa, hiyo nayo ni habari, na ningependa kuijua sababu yake.

Kila karatasi iandikwe tarehe, mahali, na nani alikueleza. Vipimo kwa sentimita, na pale babu alipopima kwa shubiri au kwa dhiraa yake, andika vyote viwili. Usirekebishe. Kama ubao mmoja umebadilishwa kwa bati la debe, chora bati la debe. Hennell asingeliacha.

Wanafunzi wako nao wasikae darasani wakinakili chungu cha plastiki. Wapeleke wawili wawili kwa wanaofanya kazi bado: mhunzi wa majembe, msusi wa vihenge, mchonga mipini. Mmoja achore, mwingine aulize. Wakibadilishana wiki inayofuata utaona nani anauliza vizuri baada ya kuchora.

Michoro ikifika thelathini hivi, nenda nayo Bujora, pale Kisesa karibu na Mwanza, kwenye makumbusho ya Wasukuma. Usipeleke nakala pekee uliyonayo popote, hata kwangu. Toa nakala kwanza.

Kuhusu mchwa: linyanyue gari leo, kila gurudumu likae juu ya jiwe au tofali lisiguse udongo, na majani yaliyolizunguka yafyekwe. Watakushauri ulipake oili chafu. Subiri kidogo. Kwanza chukua kitambaa chenye maji kidogo na upanguse taratibu mbao za ubavuni na zile za mbele, uone kama kuna mabaki ya rangi au herufi. Oili ikishaingia, hutayasoma tena.